Si Tupu, Ni Mahame

Miezi michache iliyopita niliombwa na ofisi moja, ambayo sina haja ya kuitaja, niyatie katika Kiswahili maelezo mafupi ya Kaunti ya Lamu: jiografia yake, historia yake na wakazi wake. Kurasa nne tu. Kazi za namna hii hutufikia sisi tuliojifunza lugha mabarazani na katika vitabu vya kuazima, kwa kuwa ujira wake ni mdogo na wenye shahada hawauoni. Niliikubali, nikadhani ni kazi ya asubuhi moja.

Nilipofika ukurasa wa pili nikapanda mwamba. Palikuwa na sentensi iliyosema kwamba sehemu kubwa ya bara ya kaunti hii ni ardhi tupu, isiyokaliwa wala kutumiwa. Kwa Kiingereza sentensi ile ilipita kwa wepesi. Kwa Kiswahili haikupita. Mtungi huwa mtupu, na mfuko wa mshairi aghalabu huwa mtupu. Lakini nchi yenye visima vilivyojengewa kwa mawe, yenye makaburi, yenye miembe iliyopandwa kwa safu, watu wa pwani hatukuwahi kuiita tupu. Tuna neno lake. Tunaiita hame, na wingi wake mahame. Na palipokuwa mji tunapaita ganjo. Hame si mahali pasipo mtu. Ni mahali palipohamwa. Neno limezaliwa na kitendo cha kuhama, na kila kitendo kina mtendaji, kina siku yake na kina sababu yake. Tupu haina yote hayo.

Nikaandika "mahame". Tafsiri ikarejeshwa kwangu, neno langu limepigwa mstari mwekundu, na pembeni mkono wa mtu umeandika "ardhi tupu". Nilikataa kulibadili, na ujira wangu sikuuona. Sikushika kalamu leo kwa ajili ya ujira ule. Nimeishika kwa sababu naona kwamba katika maelezo ya kaunti yetu hakuna neno lililotudhuru zaidi ya hilo, na kwamba sisi washairi tumelisaidia kuenea. Hilo la pili litawaudhi baadhi ya wasomaji wa jarida hili. Naomba wanisikilize hadi mwisho kabla ya kunijibu, na wakinijibu kwa beti, nitazipokea.

Tuanze na jiografia, maana huko ndiko kosa linakoanzia. Lamu imepakana na Tana River upande wa kusini-magharibi, na Garissa upande wa kaskazini, na Somalia kaskazini-mashariki, na upande uliobaki ni bahari. Ukubwa wake ni zaidi ya kilomita za mraba 6,000. Visiwa vinavyotajwa kila siku, Amu, Manda, Pate, Ndau na Kiwayu, ni sehemu ndogo ya eneo hilo. Iliyo kubwa ni bara, toka Witu mpaka Kiunga na kupita. Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu watu 143,920, idadi iliyo ndogo kuliko ya kaunti nyingine yoyote katika zile 47 za Kenya. Ni watu watatu katika kila Wakenya elfu moja. Ukiwagawa juu ya nchi yote utapata watu wapatao 23 kwa kila kilomita ya mraba.

Hesabu hiyo ni sahihi, na mimi sigombani na hesabu. Nagombana na anayeisoma. Watu wa visiwa hivi hawakukaa juu ya nchi kama mbegu zilizonyunyizwa sawasawa. Walilala kisiwani wakalima bara. Ilipovuma kaskazi na bahari ikatulia, walivua. Ilipoingia kusi, mvua za masika zikanyesha na bahari ikachafuka, walivuka kwenda mashambani, wakapanda mahindi, mtama, simsim na pamba. Shamba lilipochoka waliliacha lipumzike miaka kadhaa, wakafyeka jingine jirani yake, kisha wakarudi. Mtu anayelitazama shamba lililopumzishwa kutoka dirisha la ndege huona pori. Aliyelilima huona mwaka atakaorejea. Na sensa humwandika mtu pale alipolala usiku mmoja wa Agosti, nao ni usiku wa kusi. Haimwulizi shamba la babu yake liko wapi, wala kwa nini hakulala huko.

Sasa tuulize swali ambalo neno tupu limewekwa ili lisiulizwe: nani alihama, lini, na kwa nini?

Mahame ya kwanza yalifanywa na miaka. Shanga, katika kisiwa cha Pate, ni mji wa kale kupita yote tunayoijua katika visiwa hivi. Wanaakiolojia walioongozwa na Mark Horton walipochimba pale katika miaka ya 1980 walikuta misikiti iliyojengwa mmoja juu ya mwingine, na wa chini kabisa ni wa karne ya 8. Mji ule ulihamwa katika karne ya 15. Je, ni tupu? Nenda Siyu uulize, utaonyeshwa watu waitwao Washanga. Takwa, katika kisiwa cha Manda, ulihamwa katika karne ya 17, na watu wake wakavuka mkondo wakakaa Shela. Hata leo watu wa Shela huvuka kwenda kuzuru kaburi la mnara lililo pale na kuomba dua. Miaka zaidi ya 300 imepita, na aliyehama bado anakumbuka njia. Hiyo ndiyo maana ya hame: nyumba imekufa, haki ya kumbukumbu haijafa.

Mahame ya pili yalifanywa na moto. Witu, ambao leo ni mji wa bara ndani ya kaunti hii, ulikuwa makao ya Sultani Ahmed, aliyeitwa Simba, wa ukoo wa Wanabahani waliotoka Pate. Mwaka 1885 Wajerumani waliweka ulinzi wao hapo. Mwaka 1890 waliuachia Uingereza kwa mkataba ulioandikwa Ulaya. Na katika mwaka huo huo, baada ya Wajerumani kadhaa kuuawa Witu, askari walioshuka kutoka manowari za Kiingereza waliuteketeza mji.

Mahame ya tatu hatuyapendi kuyataja, na kwa hiyo nitayataja. Katika karne ya 19 bara inayotazamana na visiwa ilikuwa na mashamba makubwa ya matajiri wa Amu, wa Pate na wa Siyu. Nafaka na simsim vilivyotoka huko vilipakiwa majahazini kwenda Arabuni. Mikono iliyolima ilikuwa mikono ya watumwa. Utumwa ulipofutwa kisheria mwaka 1907, waliokuwa wakilimishwa walikwenda zao, na mashamba mengi yakarudi msituni. Hame hilo ni letu, na si la kujivunia. Anayetaka kuisema kweli ya nchi hii asichague mahame yanayompa machozi mazuri akayaacha yanayompa haya. Nasaba nyingi za kaunti hii zinaanzia katika mashamba yale, na ukimya wetu juu yake ni namna nyingine ya kuiita nchi tupu.

Kisha ikaja karatasi. Mwaka 1908 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya hati za ardhi ya pwani: mwenye ardhi ajitokeze aidai, na isiyodaiwa ihesabiwe kuwa mali ya Taji la Uingereza. Hebu mfikirie mkulima wa Kizingitini au wa Faza, ambaye shamba lake mwaka huu liko hapa na mwaka wa nne liko kule, na ambaye hati yake ni mwembe na shahidi wake ni jirani. Angedai nini, kwa lugha gani, na mbele ya nani? Methali yetu inasema asiyekuwapo na lake halipo. Wazee waliitunga wakiwaonya watu wasikose shughulini. Wakoloni waliigeuza sheria, na nchi ikaandikwa kuwa haina mwenyewe.

Mahame ya nne wapo walio hai wanaoyakumbuka. Kati ya mwaka 1963 na 1967, katika vita vilivyoitwa vya Mashifta, vijiji vya Wabajuni vya bara upande wa mpaka wa Somalia vilivamiwa na kuchomwa, na watu wakakimbilia Pate, Amu, Malindi na Mombasa. Wengi hawakurudi. Nimekaa na mmoja wao, mzee ambaye wakati ule alikuwa mtoto wa miaka minane. Nilimwuliza, "Mzee wangu, kijiji chenu kilikuwa na nyumba ngapi?" Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Mwanangu, nyumba sikuzihesabu, nilikuwa mtoto. Lakini kisima nakijua. Kilikuwa na vidato vitatu vya mawe, na mama alikuwa akinikataza kuinama. Nipeleke usiku wa giza, nitakifikia." Maelezo niliyopewa nitafsiri yameiita nchi ya mzee huyu tupu. Nauliza: ni nani kati yao aliyepima vyema zaidi, mzee au karatasi?

Na nyuma ya Wabajuni wapo Waaweer, ambao sisi huwaita Waboni, na mara nyingi hatuwaiti kabisa. Hawa ni watu wa msitu na asali. Wakati wa vita vile vile waliondolewa msituni wakapangwa vijijini kando ya barabara ya kwenda Kiunga. Mwaka 1976 msitu wao ukatangazwa kuwa hifadhi za Boni na Dodori. Mwaka 1977 uwindaji ukapigwa marufuku nchini kote, na riziki yao ikawa kosa la jinai. Mwaka 2015 operesheni ya kijeshi dhidi ya Al-Shabaab ikaufunga msitu wenyewe. Anayeupita msitu ule leo haoni nyumba. Basi ameona nini? Ameona watu walioondolewa mara nne, na anaandika kwamba hapana watu.

Najua jibu litakalokuja. Litasema, "Huyu mshairi anachochea. Akisema nchi ilikuwa na wenyewe, anawanyoshea kidole waliopewa makazi." Jibu hili lina uzito, na sitalikwepa. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 serikali ilianzisha mradi wa makazi Mpeketoni, kando ya ziwa lililopewa jina la rais wa kwanza, na ikawaleta huko watu wasio na ardhi, wengi wao Wakikuyu kutoka mikoa ya juu. Si pale vilipochomwa vijiji nilivyovitaja, lakini neno lililofungua njia lilikuwa lile lile. Watu wale walifyeka, wakalima, wakazaa, wakazika. Watoto wao na wajukuu wao ni watu wa Lamu. Atakayesema vinginevyo namkana. Mwezi Juni 2014 wauaji waliingia Mpeketoni na vijiji vya jirani wakaua watu zaidi ya 60. Hakuna kisima, hakuna kaburi, hakuna hame duniani linalohalalisha tone moja la damu ile.

Lakini tuangalie neno tupu liliwafanyia nini watu hao wenyewe. Waliambiwa kwamba nchi haina historia, wakakabidhiwa pamoja na jembe ugomvi ambao hawakuuona. Mwenye kumpa mgeni nyumba bila kumwambia nani alikaa humo kabla yake hamfanyii hisani. Laiti tangu siku ya kwanza karatasi zingesema, "Hapa pana mahame, wenyewe wa kale wako visiwani, tukae nao tusemezane", pengine mgeni na mwenyeji wangegawana maji ya kisima kimoja. Kweli ya historia haimfukuzi mtu. Uongo wa historia ndio unaowaacha watu wawili kwenye uwanja mmoja, kila mmoja akidhani mwenziwe ni mwizi.

Hesabu za sensa nazo zisiwe kuni za fitina. Mwaka 2009 kaunti ilikuwa na watu 101,539. Katika miaka kumi wameongezeka zaidi ya sehemu mbili katika tano. Lakini Lamu Mashariki, yaani Pate, Ndau, Kiwayu, Kiunga na msitu wa Basuba, ilikuwa na watu 18,841 mwaka 2009 na 22,258 mwaka 2019, hali Lamu Magharibi ilitoka 82,698 ikafika 121,662. Wapo wanaosoma tarakimu hizi kwa hofu ya kumezwa. Mimi nazisoma kwa swali. Kule mashariki, ambako bara yake ilihamwa kwa moto, kwa nini watu hawarudi? Je, wanazuiwa na kitu gani: usalama, barabara, maji, shule, au karatasi inayosema hawakuwapo? Hilo ndilo swali la sera, na halina haja ya kumchukia mtu.

Bahari nayo haikusalimika. Katika ramani huchorwa buluu moja, tupu kabisa. Anayeijua anaona milango, mikondo, miamba yenye majina, na mikoko ambayo ni zaidi ya nusu ya mikoko yote ya Kenya. Mwezi Machi 2012 viongozi wa Kenya, Ethiopia na Sudan Kusini walizindua ujenzi wa bandari mpya upande wa bara, na gati la kwanza lilifunguliwa Mei 2021. Kati ya tarehe hizo mbili wavuvi walikwenda mahakamani, kwa kuwa palipochimbwa palikuwa shamba lao. Mwaka 2018 Mahakama Kuu iliyokaa Malindi iliamua kwamba wavuvi wapatao 4,600 walipwe shilingi bilioni 1.76. Kiasi hicho kina maana yake. Hakuna anayeamriwa kulipa fidia ya kitu kitupu. Mahakama imekwisha kuona kwamba maji yale yalikuwa na wenyewe. Maelezo ya kaunti bado.

Sasa nawageukia washairi, nami nimo. Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir aliitazama Pate ikiporomoka, akatunga Al-Inkishafi, na akatuachia kioo cha kuitazamia dunia. Yeye aliulilia mji akiionya nafsi yake. Sisi tuliomfuata tumekichukua kilio tukaliacha onyo. Ukifungua magazeti yetu ya ushairi utakuta gofu juu ya gofu, kidaka juu ya kidaka, popo juu ya popo. Tangu Mji wa Kale wa Lamu ulipotiwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2001, kilio kimezidi, na kimepata wasikilizaji wa kigeni wanaokipigia makofi. Mimi mwenyewe nimetunga beti za namna hiyo, na nimezifasiri za wengine. Leo naziona zina kasoro. Zinalilia kuta za matajiri wa mjini, na kijiji cha makuti kilichochomwa ng'ambo hakina hata ubeti. Zinamsadikisha msomaji kwamba Lamu yote imekufa kwa kudra, kimya kimya, bila mkono wa mtu. Na anayeamini kwamba nchi ilikufa yenyewe hataona taabu kuiita tupu.

Haikuwa hivyo daima. Ushairi wa visiwa hivi ulikuwa na kazi. Mwana Kupona aliusia, akamfundisha binti yake namna ya kuishi. Zahidi Mngumi wa Amu alitunga kwa ajili ya siasa ya mji wake, akawajibu maadui kwa jina. Sheikh Ahmed Nabhany, mzaliwa wa kisiwa hiki aliyefariki mwaka 2017, alitunga Sambo ya Kiwandeo ili majina ya sehemu za chombo yasizame pamoja na chombo. Huo ndio mfano ninaouomba tuufuate. Tuyafanyie mahame alichokifanyia chombo: tuyataje. Kila mshairi achukue hame moja, aende kwa wazee waliolihama, aandike jina la kijiji, jina la kisima, mti uliokuwa uwanjani, mwaka wa kuhama na aliyewahamisha. Awaulize Wabajuni, awaulize Waaweer, awaulize Wasanye na Waorma, awaulize na wajukuu wa watumwa, na wazee wa Mpeketoni awaulize walikuta nini walipofyeka. Atunge kwa lahaja yoyote, Kiamu, Kisiu au Kitikuu. Vina vikimshinda, aandike nathari.

Kazi hii haitamrudishia mtu shamba, najua. Mashamba hurudishwa na mahakama na mabunge, nasi si wanasheria. Lakini kabla haki haijaandikwa hukumuni, sharti kwanza isemeke katika lugha. Mradi lugha ya serikali inasema tupu, na lugha ya washairi inasema gofu, hapatakuwa na neno ambalo mzee wangu wa Kizingitini anaweza kulitia mdomoni akaeleweka. Nasi tunalo. Limo katika kamusi, limo katika vinywa vya mama zetu, lina silabi mbili.

Wale wa ofisi ile wamepata mfasiri mwingine, na nimeambiwa maelezo yamekwisha kuchapishwa. Sijayaona. Nimetunza nakala yangu yenye mstari mwekundu, na chini ya neno lililofutwa nimeanza kuandika majina ya vijiji kwa wino wa buluu. Mpaka leo nina majina kumi na manne, na ukurasa bado una nafasi. Msomaji anayelijua la kumi na tano aniletee.